Kabureta iliyofunguliwa mara nne

Jumamosi, siku ya 1

Pikipiki ni ndogo, injini ya sentimita za ujazo 125, mipigo minne, silinda moja. Kabureta yake (kifaa kinachochanganya hewa na mafuta kabla ya kuingia kwenye injini) ni ya slaidi, yaani kizibo kinachopandishwa na kebo, ile ya kawaida kabisa: kebo moja inaingia juu, choki ya mkono pembeni, skrubu mbili, basi. Imelala miezi mitano bila kuwashwa, tangi likiwa na mafuta nusu. Siku naiegesha nilijua kabisa kwamba natakiwa kufunga koki na kukausha bakuli la kabureta. Nikasema nitafanya kesho.

Leo nimeiamsha. Kabla ya kushika spana nimeandika dalili zote kwenye karatasi, kwa sababu nikishaanza kufungua huwa nasahau pikipiki ilikuwa inaumwa nini:

Inawaka kwa kiki ya saba au ya nane, tena nikiwa nimevuta choki. Nikirudisha choki inazima palepale. Haishiki sailensa (kuunguruma taratibu bila kuvuta mafuta), ukiachia mkono wa aksileta tu imekata. Ukivuta mafuta taratibu inakohoa, ukivuta ghafla inazima. Ila ikishachanganya, mkono ukiwa nusu, inakwenda vizuri kama haina tatizo. Nimezunguka nayo kama robo saa, ikaanza kudhoofika kama iliyoishiwa mafuta, ikazima. Nikasimama kidogo, nikafungua mfuniko wa tangi kuangalia kama mafuta yapo, yapo, nikafunga, nikapiga kiki, ikawaka.

Hilo la mwisho niliandika kwenye pembe ya karatasi, kwa herufi ndogo, kwa kuwa nafasi ilikuwa imeisha. Litakuja kunigharimu.

Nikaanza na vitu rahisi. Plagi: nimeitoa, ncha yake nyeupe kavu, haina masizi. Cheche inaruka vizuri, ya buluu (hili nilifanya nikiwa nimeihamisha pikipiki mbali na kopo la petroli, mvuke wa petroli ni mzito kuliko hewa, unatambaa chini na kukusubiri). Filta ya hewa ina vumbi, nimeiosha. Mafuta: tangi nililiacha wazi ili niendelee kuchungulia, nikachomoa mpira kwenye kabureta, nikafungua koki. Yakatiririka vizuri kwenye kopo. Nikahesabu sekunde kumi, nikafunga, nikaandika "mafuta yanafika" na kuweka tiki.

Plagi nyeupe maana yake injini inapata hewa nyingi na mafuta machache. Choki inasema hivyohivyo: choki kazi yake ni kupunguza hewa ili mchanganyiko uwe mzito, kwa hiyo pikipiki inayofurahia choki hata ikiwa imeshapata moto ni pikipiki yenye njaa ya mafuta. Njaa yenyewe iko wapi? Hapo inasaidia kujua kwamba kabureta ya slaidi ina njia kadhaa za mafuta zinazopokezana. Mkono ukiwa umeachiwa hadi kama moja ya nane, anayelisha ni jeti ndogo (jeti ni kijiti cha shaba chenye tundu linalopima mafuta). Slaidi inapoanza kupanda, umbo la mkato wake wa chini ndilo linaloamua. Kuanzia robo hadi robo tatu ni sindano ndefu iliyoning'inia kwenye slaidi. Robo tatu kwenda juu, jeti kubwa.

Nimebandika kipande cha utepe kwenye mkono wa aksileta, nikachora alama za robo, nusu na robo tatu, nikakimbia nayo kidogo. Chini ya robo ni balaa. Nusu kwenda juu iko safi. Jeti ndogo, basi. Nimelala nikiwa na uhakika.

Jumapili, siku ya 2

Kabureta imefunguliwa mara ya kwanza.

Nilitoa kwanza mafuta ya bakuli kupitia skrubu ya chini. Yametoka ya rangi ya chai, yananuka kama vanishi ya mbao. Petroli ikikaa, sehemu zake nyepesi zinaruka na kinachobaki kinageuka utomvu. Kwenye tangi la lita kumi na mbili inachukua muda. Kwenye bakuli lenye mafuta ya vijiko vichache tu, wiki kadhaa zinatosha.

Kifuniko cha juu kimefunguka kwa mkono, slaidi ikatoka na sindano yake ikiwa bado imeshikwa na kebo. Nimeiacha ining'inie ndani ya mfuko safi. Skrubu nne za bakuli zilinitia jasho. Vichwa vyake ni laini, na bisibisi yoyote ya nyota isiyokaa sawasawa inavila mara moja. Kabureta nyingi za muundo wa Kijapani zina nyota yenye umbo tofauti kidogo na ile ya kawaida. Nimeikandamiza bisibisi kwa nguvu, nikaigonga kichwani kwa nyundo ndogo mara mbili, ndipo zikaachia. Moja tayari ilikuwa imeshaliwa na aliyenitangulia.

Ndani: utando wa kijani chini ya bakuli, pale maji yalipokaa na kuila shaba, na utomvu wa kahawia ulioganda kwenye kuta. Jeti kubwa ina namba 98. Nimeiinua kwenye mwanga, naona tundu la duara safi. Jeti ndogo, namba 35, giza tupu. Kwenye mtindo huu wa namba, 35 ni kama milimita 0.35, yaani nyembamba kuliko pini. Chembe moja ya utomvu inatosha kuzima injini nzima.

Hapa ndipo watu wengi huchukua waya wa chuma na kuchokonoa. Jeti ni shaba laini. Ukiikwangua hata kidogo, namba iliyoandikwa ubavuni inakuwa uongo, na utahangaika miezi ukitafuta kwa nini pikipiki inakula mafuta. Mimi nimeiloweka kwenye dawa ya kusafishia kabureta kwa saa moja, kisha nikapitisha unywele mmoja wa brashi ya nailoni. Ukapita. Nikaangalia tena kwenye mwanga, nyota ndogo ikaonekana upande wa pili.

Kabla ya kugusa skrubu ya upepo niliizungusha kwenda ndani polepole nikihesabu, hadi ikagusa: mzunguko mmoja na robo tatu. Nimeandika. Ukiikaza baada ya kugusa, ncha yake inaharibu tundu, na tundu hilo halina kipuri, ni kabureta nzima.

Nimemwaga mafuta yote ya zamani kwenye tangi pia, nikatia mapya lita mbili tu, ya kufanyia majaribio. Jioni nimefunga kila kitu, nikapiga kiki. Kiki ya tatu! Nikarudisha choki. Ikakohoa, ikazima.

Jumanne, siku ya 4

Nimeizungusha skrubu ya upepo kila upande. Kwenye kabureta hii skrubu iko upande wa filta, kwa hiyo inapima hewa: ukiiingiza ndani unapunguza hewa na mchanganyiko unakuwa mzito. Ingekuwa upande wa injini ingekuwa inapima mafuta, na mambo yangekuwa kinyume. Watu wawili wanaweza kushauriana wiki nzima bila kuelewana kwa sababu kila mmoja ana skrubu ya upande wake.

Yangu, ikiwa imeingizwa hadi mwisho kabisa, injini inashika sailensa kwa shida, inatetemeka kama yenye homa. Ikihitaji kufungwa hivyo maana yake jeti ndogo bado haipitishi mafuta ya kutosha. Lakini niliona mwanga kwenye tundu!

Jumatano, siku ya 5

Kabureta imefunguliwa mara ya pili.

Nimekopa lenzi ya kukuzia, nikakaa dirishani na jeti ndogo kwenye ncha ya vidole. Jeti hii si tundu moja. Ina tundu la chini ambalo mafuta yanaingilia, ndilo nililoliona likiwa wazi, na ubavuni ina vijitundu vingine vidogo, viwili kila upande, ambavyo hewa hupitia ili ichanganyike na mafuta kabla hayajapanda. Kwa macho matupu vinaonekana kama madoa tu. Kwa lenzi nimeona vitatu vimezibwa na kitu kama gundi iliyokauka, na cha nne nusu. Unaweza kuitazama jeti kwenye mwanga kwa mwezi mzima, ikakuonyesha nyota yake, na hivyo vya ubavuni usivione.

Nimeiloweka upya, safari hii usiku kucha. Na hapo nikafanya kosa lililonichelewesha siku moja: nililoweka na mwili wa kabureta bila kutoa mipira yote. Oringi ya bakuli (mpira wa duara wa kuziba) ilivimba ikawa kama ya kabureta ya pikipiki nyingine, haiingii tena kwenye mfereji wake. Hazifi zote kwa hilo; ukiziacha zikauke nyingi hurudi. Lakini inabidi kusubiri.

Alhamisi, siku ya 6

Nikiwa nasubiri oringi, nimefanya jaribio la njia. Unatoa jeti ndogo, unaweka mrija wa dawa kwenye tundu inapokaa, unapuliza, unaangalia inatokea wapi (vaa miwani, dawa ile haikwambii itarukia wapi). Kwenye kabureta hii inatakiwa itoke sehemu tatu: kitundu kilicho kwenye koo la kabureta upande wa injini baada ya slaidi, kitundu cha pili karibu kabisa na ukingo wa slaidi, na upande wa filta kwenye mdomo wa njia ya hewa. Imetoka kwenye viwili. Kile cha karibu na slaidi, kimya. Na hicho ndicho kinacholisha injini mkono unapoanza kufunguka, palepale ilipokuwa inakohoa.

Nikatoa skrubu ya upepo kabisa ili nipulize kutoka upande huo. Ikatoka skrubu, springi ikafuata, ikaruka, ikagonga ukuta, ikanyamaza. Nimetambaa sakafuni na tochi dakika arobaini. Niliipata ndani ya kiatu. Halafu nikakumbuka kwamba nyuma ya springi kuna kiwasha chembamba (kijipete cha chuma) na nyuma ya kiwasha kuna kioringi, na hivyo viwili vilikuwa bado ndani ya tundu. Ningevipuliza na hewa vingepotea moja kwa moja. Nimevitoa kwa pini niliyoikunja ncha. Mpangilio, kwa atakayeufuata: skrubu, springi, kiwasha, oringi. Ukikosea kioringi kikatangulia springi, springi itakila na hewa itaingia bila kupimwa.

Baada ya kupuliza mara tano au sita, kwa kubadilisha upande, kile kitundu cha karibu na slaidi kikatema kipande cheusi kama mbegu ya ufuta, halafu dawa ikatoka kama uzi. Nilipiga kelele peke yangu.

Oringi bado imevimba. Nimeutumia muda kusoma kuhusu kifaa chenyewe. Ajabu yake ni kwamba hakina pampu. Hewa ikipita kwenye koo lililobanwa inakwenda kasi na shinikizo lake linashuka, jambo ambalo Daniel Bernoulli alilichapisha mwaka 1738 akizungumzia vimiminika. Kisha mafuta ya kwenye bakuli, yanayokandamizwa na hewa ya kawaida juu yake, yanasukumwa yenyewe kupanda kwenye jeti. Watu husema kabureta inavuta mafuta. Haivuti. Hewa ya nje ndiyo inayosukuma. Nilipigia mstari sentensi hiyo bila kujua kwamba nitaihitaji siku chache zijazo. Mwaka 1893 Donát Bánki na János Csonka wa Hungaria waliandikisha hataza ya kabureta yao, na wazo la msingi halijabadilika sana tangu hapo, ingawa pikipiki mpya nyingi sasa zimehamia kwenye mfumo wa kielektroniki wa kunyunyiza mafuta. Ulaya sheria za moshi zilizibana kabureta kuanzia 2016, India 2020.

Ijumaa, siku ya 7

Oringi imerudi. Kufunga: slaidi ina mkato wa nusu mwezi chini yake, mkato huo uangalie filta. Ina pia mfereji mrefu ubavuni unaoingia kwenye kipini ndani ya kabureta. Usiisukume kwa nguvu. Ikikaa vibaya haishuki hadi chini, na injini ikiwaka itapiga kelele hadi uikimbilie swichi.

Nikapiga kiki. Ya kwanza. Nikarudisha choki, ikaendelea kuunguruma. Nikaachia mkono, ikashika sailensa, mizunguko kama 1,400 kwa dakika, imetulia. Nimezunguka nayo dakika ishirini nzima bila tatizo. Kwenye karatasi nikaandika IMEPONA kwa herufi kubwa na kupiga mstari chini.

Jumamosi, siku ya 8

Asubuhi nimekuta dimbwi la petroli chini ya pikipiki.

Yanatoka kwenye mrija wa kumwagia ziada, ule unaoning'inia chini ya kabureta. Maana yake ni moja: bakuli linajaa kupita kipimo kwa sababu sindano ya boya haizibi. (Hii ni sindano nyingine, si ile ndefu ya kwenye slaidi. Zote mbili zinaitwa sindano, na zimeshasababisha ugomvi mwingi.) Boya linapoelea juu linaisukuma sindano hii fupi kwenye kijitundu cha shaba na kufunga mafuta, yakipungua linashuka na kufungua, kama boya la tangi la maji.

Ilikuwa haivuji kabla ya mimi kuisafisha. Nadhani utomvu ndio uliokuwa unaziba.

Kabureta imefunguliwa mara ya tatu. Nimelitikisa boya karibu na sikio, halina mafuta ndani. Kijitundu cha shaba nimekipiga msasa wa kijiti cha pamba na dawa ya kung'arisha vyuma, taratibu. Sindano nimeitazama kwa lenzi: ncha yake ni koni ya mpira mweusi, na katikati ya koni kuna pete iliyochimbika, duara kamili, pale ilipokaa ikikandamiza sehemu ileile miaka yote. Ukiipitishia ukucha unausikia mfereji. Hiyo haisafishwi. Nimebadilisha.

Sindano mpya ikiwekwa, urefu wa boya unapimwa upya, na hapa watu hukosea kwa kuigeuza kabureta juu chini kabisa na kupima. Sindano ina kipini kidogo chenye springi nyuma yake. Ukiigeuza, uzito wa boya unaikandamiza springi na kipimo kinakuwa cha uongo. Iinamishe kabureta hadi ulimi wa boya uguse kipini bila kukisukuma, ndipo upime kutoka ukingo wa bakuli hadi mgongo wa boya. Ya kwangu inatakiwa milimita 14 na nimepata 14 bila kugusa ulimi. Kila kabureta ina namba yake.

Halafu sikuamini rula. Nimechomeka mrija unaoonyesha kwenye tundu la kumwagia mafuta chini ya bakuli, nikaukunja kwenda juu ubavuni mwa kabureta, nikafungua skrubu ya kumwagia na koki. Mafuta yakapanda kwenye mrija, yakasimama milimita chache chini ya ukingo wa bakuli, yakakaa hapo. Nimeyaacha saa nzima. Hayakusogea.

Jioni nimejaza tangi hadi juu, kwa furaha.

Jumapili, siku ya 9

Imezima njiani baada ya dakika nne.

Inadhoofika, inakohoa, inazima. Nasubiri, nachungulia tangi, napiga kiki, inawaka, dakika nne, inazima. Nimeisukuma kurudi nyumbani, nikiongea nayo maneno ambayo siyaandiki hapa.

Dalili ya kukosa mafuta mkono ukiwa umefunguka inanipeleka kwenye jeti kubwa. Kabureta imefunguliwa mara ya nne. Jeti kubwa safi. Jeti ndogo safi. Boya linacheza. Sindano mpya haijanasa. Hakuna kitu. Nimefunga kwa hasira, na kwa hasira hiyo oringi ya kati ya kabureta na injini ikabanwa nje ya mfereji wake, ikaingiza hewa ya wizi, na injini ilipowaka ikabaki inapiga kelele hata mkono ukiwa umeachiwa. Nikaivua, nikaiweka sawa, nikakaza nati mbili kidogo kidogo kwa kupokezana. Huwa mtu anakaza moja hadi mwisho ndipo aende kwa nyingine, na shingo ya kabureta inapinda. Hiyo imekwisha, ila ya kuzima bado iko.

Nimeanza kuwaza kununua kabureta mpya nzima. Najua kabureta hii haina tatizo, nimeiona hadi mifupa, na bado nawaza kununua nyingine.

Jumatatu, siku ya 10

Nilimpigia simu fundi mmoja mzee aliyenifundisha kushika spana. Nikamweleza yote, jeti, vitundu, sindano, boya. Akasikiliza hadi mwisho.

"Kijana, mafuta ulipima?"

"Nilipima, mzee. Siku ya kwanza kabisa. Yanatiririka vizuri."

"Mfuniko wa tangi ulikuwa wapi?"

Nikanyamaza. Mfuniko ulikuwa juu ya kiti.

"Na ikizima njiani, unafanyaje?"

"Nafungua tangi kuangalia mafuta."

Akacheka hadi akakohoa, akakata simu.

Nimerudia jaribio. Mpira umechomolewa kwenye kabureta, umewekwa kwenye kopo, koki wazi, mfuniko umefungwa. Mwanzo yalitiririka kwa unene wa penseli. Kisha yakawa kama uzi. Kisha matone. Kisha tone moja likaning'inia kwenye mdomo wa mpira bila kuanguka. Nikashika mfuniko, nikauzungusha, ukalia fyuuuu, kama mtu aliyekuwa amebana pumzi, na mafuta yakaanza kutiririka tena.

Mafuta yanapotoka kwenye tangi lazima hewa iingie kuchukua nafasi yake. Inapitia kwenye kitundu kidogo ndani ya mfuniko. Kikizibwa, shinikizo ndani ya tangi linashuka hadi mafuta yanagoma kuteremka, kwa sababu hewa ya nje sasa inayasukuma yabaki. Nilikuwa nimeipigia mstari sentensi hiyo Alhamisi!

Na tangi lenyewe lilikuwa limeniambia. Siku ya kwanza, tangi nusu, ilizima baada ya robo saa. Siku ya 7, likiwa na lita mbili, ilitembea dakika ishirini bila kuzima. Siku ya 9, limejaa, dakika nne. Tangi likiwa karibu tupu lina hewa nyingi ya kunyumbulika, kwa hiyo mafuta mengi yanaweza kutoka kabla shinikizo halijashuka vya kutosha. Likijaa, nafasi ya hewa juu ni ndogo mno na kutoka kidogo tu kunatosha. Tatizo la jeti lisingejali kama tangi limejaa au la. Namba tatu hizo zote zilikuwa kwenye karatasi moja, kwa mwandiko wangu.

Nimefungua mfuniko kwa ndani. Kitundu kimezibwa na udongo uliokauka, ule wa nyigu anayejenga kwenye kila kitundu anachokikuta wazi, pamoja na kutu kidogo. Kidogo ilikuwa inapenya, ndiyo maana ilikuwa inachukua dakika na si sekunde. Nimeuloweka, nikauchokonoa (huku waya unaruhusiwa), nikapuliza kwa mdomo hadi hewa ikapita bila kubisha.

Jaribio tena, mfuniko umefungwa: lita moja nzima imeingia kwenye kopo bila uzi kupungua unene.

Jumatano, siku ya 12

Kurekebisha, sasa kwa kuwa kuna cha kurekebisha. Injini imepata moto kwanza, dakika kumi za kutembea. Sailensa nimeipandisha kidogo kwa skrubu kubwa ya slaidi, kisha skrubu ya upepo robo mzunguko kwa robo, nikisubiri sekunde chache kila mara hadi injini ijibu. Mizunguko ilipanda, ikafika kileleni, ikaanza kushuka. Nikarudi pale kileleni. Imekaa kwenye mzunguko mmoja na nusu. Kisha nikashusha sailensa hadi 1,400. Nikivuta mafuta ghafla inapokea bila kukohoa.

Klipu ya sindano ndefu iko mfereji wa tatu kati ya mitano, sikuigusa. Kuishusha klipu kunaipandisha sindano na kuongeza mafuta, na nilishawishika kujaribu, lakini plagi imenizuia: baada ya kupanda mlima mkono ukiwa nusu, nikazima injini palepale na kuitoa, ncha yake ni ya kahawia kama ngozi ya karanga. Si nyeupe tena, wala haina masizi.

Jumamosi, siku ya 15

Kilomita 62 leo, tangi lilianza likiwa limejaa. Haijazima hata mara moja. Chini ya kabureta pakavu. Kebo ya aksileta ni nzito kidogo kurudi, nitaipaka mafuta wiki ijayo, na ile skrubu ya bakuli iliyoliwa kichwa bado inasubiri mwenzake.

Sitaitumia hadi mwisho wa mwezi. Nimefunga koki nikaiacha iungurume hadi imalizie mafuta ya kwenye bakuli. Ilipiga dakika chache, ikapandisha sauti kidogo, ikazima.

Nimefunika tangi na kitambaa pia, kwa ajili ya nyigu.